Ida Hyde na Sifa Asizozihitaji

Hadithi ya Ida Henrietta Hyde husimuliwa kwa namna moja. Binti wa wahamiaji maskini, mshona kofia wa Chicago, anavuka bahari kwenda Ujerumani kusomea fiziolojia, elimu ya namna mwili unavyofanya kazi. Maprofesa wanamfungia mlango. Anasomea madaftari ya watu, anafaulu, anakuwa mwanamke wa kwanza kupata udaktari katika Chuo Kikuu cha Heidelberg. Anarudi Marekani peke yake, anavumbua mikroelektrodi, wanaume wanamwibia na kwenda kuchukulia Tuzo ya Nobel. Msimulizi anameza mate, msikilizaji anatikisa kichwa, kila mtu anakwenda zake.

Hadithi tamu, lakini sehemu yake kubwa haisimami. Namheshimu mno Hyde, na hasa kwa sababu hiyo siwezi kuinyamazia. Wahenga walishasema nguo ya kuazima haisitiri matako, na huyu mama alikuwa na nguo zake mwenyewe za kutosha. Basi tuyachukue madai hayo moja baada ya jingine. Yako ya wanaomsifu kupita kiasi, na liko pia la wale wanaodhani kwamba zikiondolewa sifa za uongo hakubaki kitu.

"Alikuwa mwanamke wa kwanza kupata udaktari Heidelberg"

Hili halina haja ya maneno mengi. Hyde alipata shahada yake ya uzamivu Heidelberg mwaka 1896. Mwaka mmoja kabla yake, chuo hichohicho kilikuwa kimempa udaktari Käthe Windscheid, aliyeandika juu ya mashairi ya Kiingereza ya wachungaji. Na tukitoka nje ya Heidelberg, Göttingen ilikuwa imewapa shahada Warusi wawili, Sofia Kovalevskaya wa hisabati na Julia Lermontova wa kemia, tangu 1874, ingawa Kovalevskaya hakuketishwa mbele ya meza ya mtihani.

Hyde alikuwa wa kwanza Heidelberg katika sayansi ya maumbile. Hiyo ni sifa kubwa, nayo ina ukweli. Sioni kwa nini mtu aikatae ili achukue nyingine ambayo ni ya mwenzake. Neno "wa kwanza" lina tabia mbaya: kila linapomng'arisha mwanamke mmoja, humfuta mwingine aliyesimama hatua moja mbele yake. Windscheid naye alipigania nafasi hiyo.

"Kühne alikuwa adui, naye Hyde alimshinda"

Hapa hadithi ina nyama, kwa hiyo tukae kidogo.

Kwanza, alifikaje Ujerumani? Hyde alizaliwa Davenport, Iowa, Septemba 8, 1857, kwa wazazi Wayahudi waliohama kutoka Ujerumani. Moto mkuu wa Chicago wa 1871 uliteketeza riziki ya nyumbani kwao, na akiwa na umri wa miaka 16 akaingia kujifunza kazi katika karakana ya kofia za wanawake. Alipopata akiba akaenda Chuo Kikuu cha Illinois mwaka 1881, akasoma mwaka mmoja, fedha na shida za nyumbani zikamrudisha. Akafundisha katika shule za Chicago kwa miaka saba. Alipomaliza shahada ya kwanza Cornell mwaka 1891 alikuwa na miaka 33. Wengine wa rika lake, wanaume, walikuwa tayari na viti vya uprofesa.

Kutoka Cornell alikwenda Bryn Mawr, chuo cha wanawake karibu na Philadelphia, akafanya kazi chini ya Jacques Loeb na Thomas Hunt Morgan. Huko alichunguza ukuaji wa yavuyavu, wale wanyama laini wa baharini wanaowasha ukiwagusa. Bila yeye kukusudia, kazi yake ilitua katikati ya ugomvi wa wanazuolojia wawili wa Ulaya, Alexander Goette wa Strasbourg na Carl Claus wa Vienna, waliokuwa wakibishana namna yavuyavu wanavyokua kutoka kwenye yai. Matokeo ya Hyde yalimpa nguvu Goette. Goette akamwita aje kuendelea na kazi hiyo katika maabara yake. Kwa hiyo mlango wa kwanza wa Ujerumani haukuvunjwa kwa ujasiri wa moyo. Ulifunguliwa na vipande vya yavuyavu vilivyokatwa vizuri na kuchorwa vizuri, mbele ya mtu aliyevihitaji ili amshinde mpinzani wake. Wasimulizi hukiruka kipande hiki, nami nakiona kitamu kuliko vyote.

Strasbourg, ambayo wakati huo ilikuwa chini ya Ujerumani, ilimruhusu afanye kazi lakini haikuwa tayari kumtahini. Akahamia Heidelberg, katika dola la Baden, kwa Otto Bütschli, mwanazuolojia. Zuolojia ilikuwa somo lake kuu, lakini fiziolojia nayo ilihitajika, na fiziolojia ya Heidelberg ilikuwa mikononi mwa Wilhelm Kühne. Huyu hakuwa mtu mdogo. Ndiye aliyerithi kiti cha Helmholtz, ndiye aliyetoa jina la enzimu ambalo kila mwanafunzi wa baiolojia analikariri mpaka leo. Naye akasema sketi haziingii kwenye mihadhara yake wala kwenye maabara yake.

Hyde akasoma fiziolojia ya Kühne kwa maelezo na michoro waliyomletea wasaidizi wa Kühne mwenyewe, kisha akaketi mbele yake kutahiniwa. Alifaulu vizuri kiasi cha kustahili daraja la juu kabisa. Kühne hakukubali mwanamke apewe daraja hilo, na kwa hiyo kikatungwa kifungu kingine cha Kilatini, *multa cum laude superavit*, yaani alishinda kwa sifa nyingi. Alikuwa na umri wa miaka 38.

Karibu yote tunayoyajua juu ya maneno hayo ya sketi na masharti ya Kühne yanatoka kwa Hyde mwenyewe, katika makala aliyoiandika mwaka 1938, akiwa na miaka 80, zaidi ya miaka 40 baada ya tukio. Kichwa cha makala kilikuwa cha kejeli: kabla wanawake hawajawa binadamu. Ni simulizi ya mtu mzima anayecheka, tena inasomeka vizuri. Simwiti mwongo. Nasema tu kwamba anayeisoma kama kumbukumbu za mahakama anakosea aina ya maandishi aliyoyashika.

Je, Kühne alibaki adui? La hasha. Baada ya mtihani huohuo alimpendekeza Hyde kwenda kufanya utafiti katika Kituo cha Zuolojia cha Napoli, Italia. Hyde akaenda, akachunguza tezi za mate za pweza: zinatoa nini, na kwa amri ya neva zipi. Matokeo yalichapishwa mwaka 1897 katika *Zeitschrift für Biologie*, jarida ambalo Kühne alikuwa mmoja wa wahariri wake.

Ndipo wasimulizi wengine wanapoteleza upande wa pili, wanasema: basi, moyo wa mzee ulilainika, talanta ilimshinda. Nalo silikubali. Kühne alimfanyia wema mtu mmoja, kanuni yake ikabaki pale pale. Baden iliwaruhusu wanawake kujiandikisha vyuoni kama wanafunzi kamili mwaka 1900, nao ulikuwa uamuzi wa serikali. Mwaka huohuo Kühne alifariki. Prussia ilingoja hadi 1908. Mwanafunzi hodari akimshangaza profesa, anajipatia barua ya utambulisho. Aliyeko nyuma yake kwenye foleni hapati chochote.

"Alifika alipofika peke yake"

Dai hili ndilo linalonikera kuliko yote, kwa sababu limegeuza kichwa chini ukweli ambao Hyde aliufanyia kazi nusu ya maisha yake.

Nani alilipa nauli na pango la Strasbourg? Hakuwa Goette. Goette alitoa mwaliko, na mwaliko haununui mkate. Fedha zilitoka kwa Chama cha Wahitimu Wanawake wa Vyuo, wanawake wa Marekani waliokwisha kupata shahada zao na wakaamua kuchangishana ili wenzao wasome Ulaya. Bryn Mawr nayo iliongozwa na watu waliojua hasa nini kilimngoja binti huko. M. Carey Thomas, aliyekuwa mkuu wa masomo na baadaye rais wa chuo hicho, alinyimwa udaktari na vyuo vya Ujerumani hata akalazimika kwenda kuuchukulia Zurich mwaka 1882. Hyde alipopanda meli mwaka 1893 alikuwa ametumwa na watu, akiwa na pesa zao mfukoni.

Naye hakusahau. Pale Napoli aliona namna kituo kilivyoendeshwa. Anton Dohrn, aliyekianzisha, alikuwa na utaratibu wa kukodisha "meza". Chuo, serikali au jumuiya ililipa kiasi cha mwaka, na badala yake ikapata haki ya kumtuma mtafiti mmoja. Mtafiti huyo akifika anakuta nafasi ya maabara, kemikali, vyombo na wanyama wa baharini wanaoletwa wakiwa hai na wavuvi. Hakuna aliyemwuliza sketi. Mwenye meza ni mwenye meza. Hyde akaelewa jambo ambalo hotuba elfu hazikuweza kulifanya: mahali ambapo nafasi inakodishwa, wanawake wanaweza kuikodi.

Aliporudi Marekani akashirikiana na wenzake kuanzisha, mwaka 1898, jumuiya ya kulipia meza ya Napoli kwa ajili ya wanawake watafiti. Jumuiya hiyo ikaongeza zawadi ya dola 1,000 kwa utafiti bora ulioandikwa na mwanamke. Mwaka 1905 zawadi hiyo ilikwenda kwa Nettie Stevens, mtafiti aliyekuwa amewahi kuketi kwenye meza ya Napoli, na ambaye mwaka huohuo alionyesha kuwa kromosomu ndogo, tunayoiita Y leo, ndiyo inayoamua mdudu kuwa dume. Ukitaka kuupima urithi wa Hyde, anzia hapa kabla hujafika kwenye mikroelektrodi. Mchango wa wanawake waliolipa ada za chama uligeuka chombo, chumba na muda, na mwishoni ukawa ugunduzi uliomo katika kila kitabu cha jenetiki.

Ukisema alikuwa peke yake, umewafuta wote hao kwa neno moja.

"Alivumbua mikroelektrodi, wanaume wakaiba na kupata Nobel"

Dai hili lina vipande viwili, na vyote viwili vina ufa.

Mikroelektrodi ni nini hasa? Chukua mrija mwembamba wa kioo. Upashe moto katikati mpaka kioo kilainike, kisha uvute ncha mbili kwa mkupuo mmoja. Kioo kinajinyoosha, kinakonda, kinakatika, na pale kilipokatika panabaki ncha yenye tundu ambalo jicho tupu halilioni. Jaza mrija huo kitu kinachopitisha umeme, na una waya wa kioo unaoweza kuigusa seli moja. Ukivuta kwa haraka mno ncha inakuwa ndefu na dhaifu, inavunjika kabla hujaifikisha chini ya hadubini. Ukivuta polepole tundu linabaki kubwa, litaipasua seli. Ufundi wote uko kwenye mkono, na mkono haujifunzi kwa kusoma.

Mwaka 1921 Hyde alichapisha makala fupi ya kurasa chache katika *Biological Bulletin*, akieleza mikroelektrodi yake na namna ya kuichochea seli moja. Ndani ya kioo kulikuwa na zebaki pamoja na maji ya chumvi. Ukipitisha umeme, uso wa zebaki unasogea, na kwa kusogea unasukuma nje tone dogo mno au kulivuta ndani. Chombo kimoja kikafanya kazi mbili: kuichochea seli kwa umeme, na kuitia au kuitoa maji. Ni wazo la werevu kabisa, na sijaona sababu ya kulidharau.

Ila halikuwa la kwanza la aina yake. Miaka michache kabla, Frederick Pratt na mwenzake John Eisenberger walikuwa wamekwisha kutumia mirija ya kioo yenye ncha nyembamba kuchochea nyuzi mojamoja za misuli ya chura. Pratt alikuwa akitafuta jibu la swali kubwa: je, uzi wa msuli hujikaza kidogo kidogo kadiri unavyochochewa, au hujikaza wote au usijikaze kabisa? Majibu yake yaliangukia upande wa wote-au-hapana.

Tena, ambalo wasifu karibu wote wa Hyde hulipuuza, ncha za kioo za namna hiyo zilikuwa na historia katika chuo chake mwenyewe. Hyde alifundisha Chuo Kikuu cha Kansas, katika mji wa Lawrence. Hapohapo alikuwepo Marshall Barber, mtaalamu wa bakteria, ambaye tangu 1904 alikuwa ameeleza namna ya kuvuta mrija wa kioo na kuushika kwenye kishikio cha skrubu ili uokote bakteria mmoja tu chini ya hadubini. Watafiti walisafiri mpaka Lawrence kujifunza ufundi huo. Kwa hiyo mikroelektrodi ya Hyde haikushuka kutoka mbinguni kwenye kichwa cha mtu mmoja. Ilizaliwa katika mji ambao kuvuta ncha ya kioo kulikuwa kazi inayojulikana, na yeye akaongeza umeme na zebaki. Kwangu hilo linaipandisha thamani kazi yake, kwa maana linaonyesha ilivyotokea.

Sasa wizi. Husemwa kwamba Ralph Gerard wa Chicago aliiba. Gerard na Judith Graham walieleza mwaka 1946 mikroelektrodi iliyojazwa maji ya chumvi ya potasiamu, na mwaka 1949 yeye na Gilbert Ling wakaifanya ncha kuwa nyembamba zaidi, chini ya nusu ya maikromita. Hizo ndizo zilizoenea katika maabara za dunia. Kazi yake ilikuwa nyingine: kupima volti ya ndani ya seli bila kuiua. Ya Hyde ilikuwa ya kuchochea na kutia tone. Hakuna dalili kwamba mmoja alichukua kwa mwingine, na robo karne ilikuwa imepita kati yao. Angalia pia nani alikuwa jina la kwanza kwenye ile makala ya 1946: Judith Graham. Wanaopiga kelele za mwanamke aliyeibiwa na Gerard humruka mwanamke aliyeandika naye.

Na Nobel? Gerard hakuipata. Hakuna Nobel iliyotolewa kwa ajili ya kuvumbua mikroelektrodi. John Eccles alizitumia sana, akapewa tuzo mwaka 1963 pamoja na Alan Hodgkin na Andrew Huxley, lakini tuzo ilikuwa kwa kueleza namna umeme unavyopita kwenye utando wa seli za neva. Hodgkin na Huxley walianza kwa kupenyeza elektrodi ndefu ndani ya uzi mnene wa neva ya ngisi, mnene kiasi kwamba kwa sehemu hiyo hawakuhitaji ncha ndogo hivyo. Aliyeibiwa lazima kwanza awe na kitu kilichochukuliwa.

Kwa nini basi kifaa cha 1921 hakikushika? Hukumu yangu ni hii: Hyde alistaafu mwaka 1920. Makala ilitoka akiwa hana tena idara, hana wanafunzi wa kukitumia, hana karakana ya kukiboresha. Ufundi wa mkono huenea kwa mikono, na mikono ya kuurithi haikuwepo.

"Basi, bila mikroelektrodi, Hyde hana jambo"

Na hawa wa upande wa pili nao wana neno lao. Wanasema, mkishaondoa uvumbuzi, kinabaki kisa cha kusikitisha cha mwanamke na maprofesa wakali. Inabidi waangalie kaa.

Si kaa wa kweli. Limulus ni mnyama wa pwani ya mashariki ya Marekani, mwenye gamba gumu na mkia mrefu mkali, ambaye kinasaba yuko karibu na buibui kuliko na kaa. Chini ya tumbo ana mabamba ya mashavu yanayopigapiga kuleta maji, jozi baada ya jozi, kwa mpangilio. Mnamo miaka ya 1890, wanafiziolojia wengi walikuwa wakifikiria kituo kimoja cha kupumua, mahali padogo kwenye ubongo wa nyuma wa wanyama wenye uti wa mgongo, ambapo pakiguswa kwa kisu mnyama anakufa papo hapo. Mfaransa Pierre Flourens alikuwa amepaita kifundo cha uhai.

Hyde akamkata Limulus uzi wa neva unaotoka kwenye ubongo. Mabamba yakaendelea kupiga. Akatenganisha sehemu moja ya tumbo na nyingine. Kila kifundo cha neva kikaendelea kuiendesha jozi yake ya mabamba, bila kungoja amri ya juu. Baadaye, kwa samaki wa jamii ya taa, alitafuta mpangilio huohuo ndani ya ubongo wenyewe, akaona kwamba hata kile kinachoitwa kituo kimepangika kwa vipande, kila kipande na sehemu yake ya mashavu. Makala hiyo ilitoka mwaka 1904 katika jarida la Chama cha Wanafiziolojia wa Marekani. Ukishaona mabamba ya Limulus yakipiga bila ubongo, ni vigumu kurudi kwenye wazo la bwana mmoja anayeketi kichwani na kuamuru kila pumzi.

Kabla ya hapo, mwaka 1896 hadi 1897, alikuwa katika Shule ya Tiba ya Harvard, kwenye maabara ya Henry Bowditch, mwanamke wa kwanza kufanya utafiti pale. Alichunguza namna kutanuka kwa chumba cha moyo kunavyobadili mtiririko wa damu katika kuta za moyo wenyewe. Makala ikatoka mwaka 1898, katika juzuu ya kwanza kabisa ya jarida hilohilo. Mwaka huo akaajiriwa Kansas, na kufikia 1905 alikuwa profesa kamili na mkuu wa idara mpya ya fiziolojia, na kitabu cha mazoezi ya maabara kwa wanafunzi wake. Mwaka 1902 alikuwa amechaguliwa kuwa mwanachama wa Chama cha Wanafiziolojia, mwanamke wa kwanza, na kwa zaidi ya miaka kumi akabaki wa pekee. Hata baada ya kustaafu hakutulia. Mwaka 1924 alichapisha majaribio ya kupima shinikizo la damu na umeme wa moyo wa watu waliokuwa wakisikiliza muziki.

Huyo ndiye mtu ambaye wanasema hana jambo.

"Aliitoa ndoa kafara kwa ajili ya sayansi"

Hakuolewa. Hakuna anayejua alichokitoa na alichokikwepa, na wasifu wa Bowditch au wa Loeb haufunguliwi kwa swali hilo. Tuendelee.

"Alifungua mlango, nao ukabaki wazi"

Dai la mwisho ndilo lenye kuonekana la heshima kuliko yote, na Hyde mwenyewe alilichangia kidogo kwa kichwa cha makala yake, kana kwamba zama za wanawake kutokuwa binadamu zilikuwa zimekwisha. Ile jumuiya ya meza ya Napoli nayo ilijivunja mwaka 1932, ikitangaza kuwa lengo lake limetimia. Nadhani walijidanganya, au walichoka, na kuchoka si aibu.

Linganisha tarehe. Hyde alifanya utafiti katika Shule ya Tiba ya Harvard akiwa na udaktari mkononi mwaka 1896. Kama mgeni wa maabara alipokewa. Binti aliyetaka kuingia hapo kama mwanafunzi wa udaktari wa tiba alirudishwa, mwaka baada ya mwaka, kizazi baada ya kizazi. Hyde alifariki Berkeley, California, Agosti 22, 1945. Shule hiyo iliwapokea wanafunzi wake wa kwanza wanawake mwezi uliofuata, na sababu iliyosukuma zaidi ilikuwa upungufu wa wanaume ulioletwa na vita.

Na chama kile kilichomchagua mwaka 1902? Kilipata rais wake wa kwanza mwanamke mwaka 1975, Bodil Schmidt-Nielsen, mtaalamu wa figo. Mama yake, Marie Krogh, alikuwa mwanafiziolojia wa Denmark aliyefanya utafiti wa kupumua bega kwa bega na mumewe August, na Nobel ya 1920 ikaandikwa jina la August peke yake.